Kitanda Kilichopitiwa na Sulhu

Msiitafute nchi ya Shwarini kwenye ramani. Wapima ardhi waliwahi kupelekwa kuchora mipaka yake, wakaambiwa wakubaliane kwanza na wapima wa nchi jirani, na mpaka leo wako huko porini wanakubaliana. Kwa hiyo habari hizi hazimsemi mtu. Atakayehisi zinamsema ajue muwasho ni wake, na kucha ni zake.

Shwarini ilikuwa nchi ya amani kupindukia. Aliyeibiwa alishukuru hakupigwa, aliyepigwa alishukuru hakufungwa, na aliyefungwa alishukuru kwamba sasa ana pa kulala.

Katika mtaa wa Mfenesini, pembezoni mwa mji mkuu, aliishi Bi. Mwanahija, mjane wa miaka sitini na ushee, mshona kofia. Nyumba yake aliachiwa na mama yake: vyumba vinne, kibaraza cha mawe, na uani mfenesi ulioupa mtaa jina. Humo alizaliwa, humo alizalia, na kwa jinsi alivyojipangia mambo yake, humo ndimo jeneza lake lingetokea. Hakuwa na kingine duniani ila nyumba hiyo, sindano zake, na faruma, lile gogo la mviringo la kunyooshea kofia. Kofia zake zilikuwa na alama moja. Ndani ya ukanda, mahali ambapo jicho haliendi, alimalizia kwa kipande cha uzi mwekundu.

"Ni sahihi yangu," alizoea kusema. "Shule sikwenda, lakini kusaini najua."

Ng'ambo ya barabara aliishi Mheshimiwa Kingwaba, Mkurugenzi Mkuu wa Utulivu wa Umma, ambaye kazi yake ilikuwa kuhakikisha hakuna anayepaza sauti. Alikuwa na magari mawili ya serikali, akaongezewa la tatu kwa kutambua jinsi watu walivyonyamaza mwaka ule. Gari la tatu likakosa pa kulala. Asubuhi moja Mheshimiwa akasimama dirishani, akatazama ng'ambo, akaona nyumba ya Bi. Mwanahija imekaa mahali pa gari lake.

Basi akashtaki.

Madai yake yaliegemea mila ya Shwarini isemayo kwamba mtu aliyeacha kofia hajaondoka. Mgeni akisahau kofia kwako, huitupi wala huivai. Unaitundika ukutani, maana mwenyewe yu njiani anarudi. Mheshimiwa akaeleza kwamba miaka themanini iliyopita babu yake, akiwa safarini, alipumzika kwenye kibaraza kile akaacha kofia. Hivyo babu hajaondoka. Na kama babu hajaondoka, nyumba ni ya babu, na mrithi wa babu ndiye huyu aliyesimama mbele ya mahakama. Akaitoa kofia yenyewe kwenye mfuko wa hariri. Wakili wake akafuta chozi.

"Hebu niione, mwanangu," Bi. Mwanahija akamwambia hakimu wa wilaya, bwana mmoja mfupi aliyekuwa na mafua ya kudumu. Akaipokea kofia, akaigeuza ndani nje, akamwonyesha uzi mwekundu. "Hii nimeishona mimi, mwaka juzi. Aliyekuja kuinunua ni dereva wa Mheshimiwa. Aliniomba nizidishe kipimo kwa kuwa bosi wake ana kichwa kikubwa."

Hakimu akaomba Mheshimiwa aivae. Ikamkaa barabara. Njia ya mwongo ni fupi, na hii haikufika hata mlangoni. Hakimu akapiga chafya, akaandika kwamba nyumba ni ya Bi. Mwanahija, yote, pamoja na fenesi lililoiva. Kofia nayo akamkabidhi bibi, kwa sababu Mheshimiwa aliapa si yake bali ni ya babu, na babu hakufika kuichukua.

Mheshimiwa Kingwaba akakata rufaa.

* * *

Sasa, Mahakama ya Rufaa ya Shwarini ilikuwa imejaa majalada mpaka majaji walikuwa wakiingia kwa kupitia dirishani. Jaji Mkuu, Mtukufu Profesa Sanginda, alikuwa amekwenda ng'ambo kwenye kongamano la siku tano, na siku ya nne, wakati wa chai, akasikia mtu akisema kwamba kuna nchi ambako watu waliokata rufaa hukaa chini wakapatana wenyewe. Hakungoja siku ya tano. Akarudi, akahutubia taifa redioni.

"Ndugu zangu," alisema, "hukumu ina mshindi mmoja na mshindwa mmoja. Kitaalamu, hilo ni taifa lenye furaha nusu. Sulhu ina washindi wawili. Tukiwapatanisha watu wote, taifa zima litakuwa limeshinda. Nimejiuliza kwa nini hapakuwahi kutokea mtu mwenye akili ya kuliona hili kabla yangu. Bado najiuliza."

Ni kweli kwamba sulhu ni kitu chema. Pale Mfenesini watu walipatana kila siku: kuku wa huyu amekula mtama wa yule, mbuzi wa yule amekula kanga ya huyu, wanakaa kibarazani, wanalaumiana, wanacheka, yamekwisha. Lakini hapo kila mmoja alikuwa na kuku wake na kosa lake. Mtukufu hakuwa na muda wa kuku. Akaifupisha sulhu ikawa kanuni, akaitundika mlangoni chini ya methali ya wagombanao ndio wapatanao: kila upande utapata nusu ya kile kinachogombaniwa.

Kusoma majalada kukapigwa marufuku, kwa kuwa msomaji huishia kuegemea upande. Ushahidi nao ukapigwa marufuku, kwa kuwa huleta uhasama. Hakuna jambo linalomuudhi mtu kama kuthibitishiwa. Mihuri ya zamani, AMESHINDA, AMESHINDWA na IMETUPWA, ikachomwa moto hadharani huku bendi ikipiga. Ukabaki muhuri mmoja tu: WAMEPATANA. Waliochambua majivu baadaye walikuta mabaki ya mihuri miwili, ikasemekana ule wa tatu uliungua vizuri kuliko wenzake.

Aliyesimamia moto huo ni Karani Ambari, mzee mkimya mwenye kalamu sikioni, aliyekuwa pale tangu enzi za majaji wanaosoma. Kazi yake ilikuwa moja. Neno lolote lililotoka kinywani mwa Jaji Mkuu akiwa kitini lilikuwa amri, na Ambari aliliandika kabla halijapoa. Siku moja Mtukufu alikohoa akasema, "Loo, vumbi hili!" Ambari akaandika, na kesho yake vumbi likatangazwa kuwa mali ya mahakama. Tangu hapo hakuna aliyefagia.

* * *

Rufaa ya Mheshimiwa Kingwaba ilikuwa miongoni mwa za mwanzo kuitwa.

"Mama, unadai nini?" Jaji Mkuu akauliza kwa upole wa mtu anayepigwa picha.

"Sidai kitu, Mtukufu. Nyumba ni yangu, nami nimo."

"Yaani unadai yote."

"Sidai. Ninayo."

"Andika, Ambari: anadai yote. Na wewe, Mheshimiwa?"

Mheshimiwa Kingwaba akasimama, akaweka mkono kifuani. "Mtukufu, mimi nami nadai yote. Lakini kwa ajili ya amani ya nchi yetu, moyo wangu uko tayari kuipoteza nusu."

Ukumbi ukalipuka kwa makofi. Mwandishi wa habari mmoja akalia kidogo.

"Umeusikia ukarimu huo, mama?" Jaji Mkuu akasema. "Mwenzako anapoteza nusu ya nyumba, hivi hivi, mbele ya macho yako. Wewe unapoteza nini?"

Bi. Mwanahija alijua amekosewa, lakini namna alivyoulizwa ilimfanya ajihisi mchoyo. "Mtukufu," akasema, "na ule uzi mwekundu je? Kofia hii hapa mfukoni..."

Jaji Mkuu akaziba masikio yote mawili. "Usinitajie ushahidi! Ushahidi siku zote una upande!"

Bibi akapelekwa Chumba cha Kulainika. Humo kwaya ya mahakama iliwaimbia wakaidi wimbo wa amani wenye beti arobaini na nane, na kila mkaidi akikunja uso wimbo ulianza upya. Bi. Mwanahija alikaa humo tangu asubuhi. Alikunja uso mara mbili. Mara ya tatu, walipofika ubeti wa thelathini, akakumbuka kwamba kuna mtu ameagiza kofia ya harusi ya kesho, akasema basi.

Wakapeana mikono mbele ya kamera kwa dakika tatu kamili. Wakalishana halua. Afisa Tabasamu, maana kulikuwa na afisa wa cheo hicho, akampima bibi midomo kwa rula, akakuta sentimita nne. Kanuni zilitaka sita. Akaombwa ajitahidi kwa ajili ya taifa, akajitahidi. Ambari akapiga muhuri, WAMEPATANA, bila kuinua macho.

Wiki ile ile mafundi wakajenga ukuta katikati ya nyumba. Gari la tatu likalala kwenye chumba alichofia mama yake Bi. Mwanahija.

* * *

Baada ya miezi minne, Mheshimiwa Kingwaba akaiandikia mahakama kwamba amejipima na kujikuta hajisikii kupatana moyoni. Kanuni zilimruhusu. Sulhu ni jambo la moyo, na moyo ukikataa, wahusika hupatanishwa tena.

"Tupatane juu ya nini?" Bi. Mwanahija akauliza. "Nusu ameshachukua."

"Hiyo aliyochukua imeshapatanishwa, mama, na kilichopatanishwa hakifufuliwi," Jaji Mkuu akaeleza kwa subira. "Kinachogombaniwa ni kilichobaki."

Kilichobaki kikagawanywa nusu kwa nusu. Ukajengwa ukuta wa pili, mfenesi ukaenda upande wa Mheshimiwa, na serikali ikampa gari la nne kwa kuwa sasa ana pa kuliweka. Miezi minne mingine, moyo wa Mheshimiwa ukakataa tena. Bibi wa watu amebakiwa na chumba kimoja, wakakigawanya.

Ukuta wa tatu ulipita juu ya kitanda. Mafundi walikuwa watu wenye haya, wakamwomba radhi, wakajenga juu ya godoro na chini kwenye mvungu, wakaacha tundu la upana wa kitanda. Kichwa cha Bi. Mwanahija kilikuwa kwake, miguu ilikuwa kwa Mheshimiwa. Ili kuinyoosha alihitaji Kibali cha Kunyoosha Miguu, kinachotolewa Idara ya Utulivu siku ya Jumatatu na kufa siku ya Ijumaa. Mara mbili alipanga foleni, mara mbili akaambiwa afisa wa miguu yuko semina. Akaacha. Akawa analala amejikunja kama jongoo aliyeguswa, na asubuhi magoti yalimlilia mpaka kwenye sindano.

Magazeti yaliandika kuwa ndiye raia aliyepatana mara nyingi kuliko wote. Alipewa cheti. Hakuwa na ukuta wake mwenyewe wa kukitundika.

Kisha ikaja barua nyingine. Moyo wa Mheshimiwa umekataa.

Bi. Mwanahija aliisomewa na shoga yake Kibibi, muuza mihogo wa kona. Akatazama alichobakiwa nacho: nusu ya kitanda, faruma, na nafasi ya kukunjia miguu. Nusu ya hapo ni mto wa kulalia. Mtu hawezi kutolewa jeneza kwenye mto. Akalia, akalia kwa kwikwi kama siku aliyomzika mumewe, wala hakujali kwamba ng'ambo ya ukuta kuna Mkurugenzi wa Utulivu.

Kibibi alimwacha alie mpaka akatosheka. Kisha akasema, "Shoga, nikuulize. Wewe katika maisha yako umewahi kudai cha mtu?"

"Mungu apishe mbali! Sijawahi."

"Ndiyo maana huna kitu. Hapa kwetu asiyedai ndiye anayegawanywa."

Bi. Mwanahija akataka kumkemea, akaghairi. Akafuta machozi kwa upindo wa khanga, akavuta faruma, akaomba uzi.

* * *

Alishona siku nne, kofia ya viua, vile vitundu vidogo vya urembo, nzuri kuliko zote alizowahi kushona, na ndani ya ukanda akamalizia kwa uzi mwekundu. Siku ya tano alikuwa mbele ya hakimu wa wilaya, yule wa mafua, akidai Kasri Namba Moja, Barabara ya Busara: vyumba kumi na vinane, bustani, na birika la kuogelea.

"Kwa msingi gani, mama?" hakimu akauliza.

"Babu yangu alipumzika pale, akaacha kofia. Hii."

Hakimu akaipokea, akainusa. Akainusa hivyo hivyo na mafua yake. "Mama, hii bado inanuka duka."

"Naam. Nimeimaliza jana."

"Sasa unajua kwamba unashindwa?"

"Najua, mwanangu. Niandikie tu kwamba nimeshindwa, na muhuri uonekane vizuri."

Hakimu wa wilaya, ambaye mahakama yake ilikuwa ndogo mno kukumbukwa na kanuni mpya na kwa hiyo bado ilikuwa na akili zake, akaigeuza kofia ndani nje, akauona uzi mwekundu. Kisha akatabasamu sentimita nane, akaandika, akagonga muhuri kwa nguvu mpaka meza ikaruka. Bi. Mwanahija akatoka nje akipiga vigelegele. Wapita njia wakadhani ameshinda.

Mchana huo huo akakata rufaa.

* * *

Siku ya Sulhu ya Taifa ilifika. Mwaka ule ilikuwa na uzito wa pekee, kwa kuwa Jaji Mkuu alikuwa amemwahidi Rais rufaa elfu moja zilizopatanishwa, na mia tisa tisini na tisa zilikuwa tayari. Ya elfu ingepatanishwa mbele ya Rais mwenyewe, kabla ya chakula. Ukumbi ulipambwa, kwaya ikalamba tangawizi, halua ikapangwa. Watu walijaa mpaka nje, wengi wao watu wa nusu: nusu shamba, nusu duka, mmoja akiwa na nusu ya mashine ya kusaga.

Majalada mawili yalikuwa mezani. La chini lilikuwa la Mheshimiwa Kingwaba, rufaa yake ya nne. La juu alikuwa ameliweka Ambari. Hakuna aliyejua kwa nini. Ambari alikuwa mtu pekee katika jengo lile aliyekuwa bado anasoma, kwa kificho, kama wengine wanavyovuta bangi.

Jaji Mkuu akainua jalada la juu bila kulifungua. "Mtukufu Rais, wageni waalikwa! Rufaa ya elfu! Mtaona wenyewe jinsi binadamu anavyoweza kuipa kisogo tamaa. Kila upande utaondoka na nusu ya kinachogombaniwa, bila maswali, bila ushahidi, bila chuki. Bi. Mwanahija, simama, mama. Sasa naomba mkaazi wa Kasri Namba Moja, Barabara ya Busara, ajitokeze ampe mwenzake mkono."

Hakuna aliyejitokeza.

"Mkaazi wa Kasri Namba Moja!" Jaji Mkuu akarudia kwa ukali. "Asijifiche! Hakuna aliye mkubwa kuliko sulhu!"

Ambari akamwinamia. "Ni wewe, Mtukufu."

Ukumbi ukatulia hata halua ikasikika ikiyeyuka. Bi. Mwanahija akasonga mbele, mkono ameunyoosha, tabasamu la sentimita sita usoni.

"Babu yangu aliacha kofia kwako," akasema. "Nadai yote, Mtukufu. Lakini kwa ajili ya amani ya nchi yetu, moyo wangu uko tayari kuipoteza nusu. Vyumba tisa vinanitosha. Birika la kuogelea tutajenga ukuta katikati."

Rais akapiga makofi. Rais akipiga makofi, Shwarini nzima hupiga. Makofi yale yalidumu kwa dakika nzima, na katika dakika hiyo Jaji Mkuu alibadilika rangi mara tatu.

"Huu ni wizi!" akafoka alipopata sauti. "Mwanamke huyu hata simjui! Eti babu! Eti kofia! Mtu anakuja tu kudai nyumba ya mtu? Ushahidi uko wapi? Nauliza, ushahidi uko wapi?"

Swali lile lilikuwa halijaulizwa humo tangu mihuri ichomwe moto. Palisikika kitu kimoja tu, kalamu ya Ambari ikikwaruza karatasi.

"Umeandika nini?" Jaji Mkuu akauliza.

"Amri yako, Mtukufu. Mahakama inataka ushahidi."

"Kifute!"

Bi. Mwanahija akashusha mkono. Hakutabasamu tena. "Kikifutwa, mwanangu, ushahidi haupo, na kesho naleta faruma yangu nichague vyumba tisa. Kisipofutwa, basi ushahidi upo, na mimi nasema mbele ya watu hawa wote kwamba Kasri lako sina haki nalo hata tofali moja. Kofia hii nimeishona mwezi huu. Naifuta rufaa yangu. Lakini kama upo, upo kwangu na upo kwako. Chagua wewe."

Jaji Mkuu akamtazama Rais, ambaye alikuwa anatazama saa. Akaliona birika lake la kuogelea lina ukuta katikati. Mchimba kisima huingia mwenyewe, na huyu alikuwa ameshafika majini.

"Upo," akasema kwa sauti ndogo.

Ambari akaandika.

"Sasa ya elfu iko wapi?" Rais akauliza. "Mnaniambia imefutwa. Mimi nimeambiwa elfu, na wali unapoa."

"Iko hii hapa, Mtukufu Rais," Ambari akasema, akasogeza jalada la chini. "Mheshimiwa Kingwaba dhidi ya Bi. Mwanahija."

Bi. Mwanahija akatia mkono mfukoni, akatoa kofia ya zamani, ile ya kichwa kikubwa. Akaigeuza ndani nje. Kisha akaiweka ile mpya kando yake, nayo akaigeuza. Uzi mwekundu na uzi mwekundu. Waliokuwa mbele waliwaambia wa nyuma, wa nyuma wakawaambia wa nje, na kutoka nje ukarudi mvumo mkubwa ambao Idara ya Utulivu haikuwa na fomu yake.

Mheshimiwa Kingwaba akamsogelea bibi, akashusha sauti. "Mama, sisi ni majirani. Nitakurudishia mfenesi. Tuelewane."

"Tumeelewana mara tatu, baba. Leo tuamuliwe."

"Kilichopatanishwa hakifufuliwi!" Mheshimiwa akamgeukia Jaji Mkuu, akipaza sauti kwa mara ya kwanza katika utumishi wake. "Kanuni ni yako mwenyewe! Ukimrudishia huyu..."

"Nyamaza!" Jaji Mkuu akanguruma. Alikuwa na kasri la kuokoa. "Rufaa hii ni upuuzi tangu mwanzo wake! Itupwe!"

"Tangu mwanzo wake," Ambari akarudia huku akiandika, na kwa maneno hayo sulhu zote tatu zikaenda na maji. "Na Mheshimiwa Kingwaba anyamaze." Amri hiyo ya pili haikuwekewa kikomo, na yasemekana inaendelea kutumika hadi leo.

"Lakini muhuri hatuna," Jaji Mkuu akakumbuka. "Tuliuchoma."

Karani Ambari akavuta saraka ya chini kabisa ya meza yake, akatoa kitu kilichofungwa kwenye leso. IMETUPWA. Alikipulizia vumbi, mali ya mahakama, akakilowesha wino taratibu, akagonga. Muhuri haukusahau kazi.

"Elfu imetimia?" Rais akauliza.

"Imetimia, Mtukufu Rais."

"Hilo ndilo la maana," Rais akasema, akaenda kula.

* * *

Kesho yake serikali ilitoa tamko la kuondoa wasiwasi. Ilieleza kuwa mfumo wa sulhu haujabadilika, na ushahidi utaruhusiwa katika rufaa zile tu zinazomgusa Jaji Mkuu mwenyewe. Waliolisikiliza tamko hilo hadi mwisho walikuwa foleni saa mbili asubuhi. Mwenye nusu ya shamba aliongeza dai kwamba Jaji Mkuu amekanyaga mtama wake. Mwenye nusu ya mashine alidai Jaji Mkuu amebaki na nusu nyingine. Kufikia mwisho wa mwezi hapakuwa na rufaa hata moja katika Shwarini isiyomtaja Mtukufu Profesa Sanginda, na maskini akawa anashinda kitini tangu alfajiri akisoma majalada, jambo lililomdhoofisha sana, kwani hakuwa amelizoea. Bi. Mwanahija alimpelekea ile kofia mpya, bure, kwa ajili ya upara wake. Kushona ilikuwa kazi yake, na kinyongo hakikuwa kazi yake.

Kuta tatu zilibomolewa na mafundi wale wale, wenye haya zaidi kuliko mwanzo. Magari yalitolewa, yakapangwa barabarani, kuku wa mtaa wakapata pa kutagia. Kibibi alikuja na mihogo na chumvi, akasaidia kufagia vumbi la matofali uvunguni na kukung'uta godoro, ambalo lilikuwa na alama ya ukuta katikati isiyotoka hata kwa kupigwa.

"Libadilishe, shoga."

"Aka. Liache hivyo hivyo."

Mchana, Kibibi alipokwenda zake, Bi. Mwanahija alifunga mlango wa nyumba yake, akapita chumba hadi chumba akigusa kuta zilizobaki, zile zilizokuwa zake tangu mwanzo. Alisimama kidogo kwenye chumba cha mama yake, ambacho kilikuwa bado kinanuka petroli. Kisha akarudi chumbani kwake, akajilaza chali, kichwa kwenye mto. Kwa mazoea ya miezi mingi magoti yalipanda yenyewe kuelekea kifuani. Akayaambia basi. Akanyoosha mguu mmoja, akaupitisha kwenye ile alama ya ukuta, akangoja kidogo kusikia kama kuna atakayeuliza. Hakuna aliyeuliza. Akanyoosha na wa pili, yote miwili, mpaka mwisho wa kitanda, bila kibali.